Baba Kulwa Aliomba Vizuri

Mdogo wangu Samweli,

Kosa la wahubiri wengi, na wewe sasa unataka kuliingia, ni kudhani kwamba mahubiri ni kama mashindano ya ngoma baada ya mavuno: makundi mawili yanacheza uwanja mmoja, na lililovuta watu wengi ndilo lililoshinda. Nimeanza na kosa kabla ya salamu kwa sababu nina jambo linalonichemka kifuani, nami nikichelewa nitaanza kuzungukazunguka kama unavyonijua.

Sasa salamu. Shikamoo yako niliipata kwa simu. Marahaba, mdogo wangu. Mguu wa shemeji unaendeleaje? Na mvua, je, imeshuka hapo Ngokolo au imepita juu kwa juu? Mimi ni mhola, salama tu. Ni kifua tu kinachonisumbua kwa vumbi la makarasha, maana hapa machimboni nje ya Buseresere mawe yanasagwa mchana kutwa. Wainjilisti ninaowafundisha wanasoma vizuri, ingawa wawili husinzia darasani kwa kuwa wanatoka moja kwa moja shimoni.

Uliniambia watu wako wanakuacha na kuhamia kwenye hema jipya la wahubiri wengine, na kwamba Jumapili ya mwisho wa mwezi utatangaza madhabahuni kuwa kila mgonjwa atakayekuja atarudi nyumbani mzima. Ukaniomba maneno ya kutia moto tangazo hilo. Badala ya maneno hayo nakuletea habari ya Mchungaji Elikana, kijana ninayeishi kwake.

Kanisa lake limetazamana na kanisa jingine ng'ambo ya barabara, na katikati kuna vibanda vya chai. Kila Jumapili wachimbaji hukaa pale na vikombe vyao, wakisikiliza spika mbili kwa pamoja na kuamua waingie wapi. Siku moja tulimsikia mmoja akimwambia mwenzake, "Twende huku, leo wameanza na kinanda." Mwenzake akajibu, "Tulia wewe. Kule ng'ambo bado hawajatoa mapepo, na chapati yangu haijaiva."

Maneno hayo yalimchoma Elikana. Jumapili iliyofuata alipandisha sauti, na ahadi nazo akazipandisha. Alisema mchimbaji anayeomba kwa imani asubuhi hawezi kufukiwa na kifusi. Watu walishangilia, vibanda vikabaki na wenyewe. Tulipokaa kula nikamwuliza, "Neno lile ulitumwa na nani?" Akacheka. "Mwalimu, si umeona watu walivyojaa?"

Katikati ya wiki hiyohiyo duara moja, ndilo shimo la wachimbaji, liliporomoka. Matimba, yale magogo yanayozuia kuta za shimo, yaliachia, na Baba Kulwa akafia chini. Alikuwa mwimbaji wa kwaya yetu, mtu wa utani, mwenye sauti nzito iliyotetemesha mabati.

Elikana alitaka kwenda msibani na hubiri tayari mfukoni. Nikamwomba tuketi kwanza. Tukaketi kwenye turubai pamoja na wengine. Mama Kulwa alikuwa ndani na akina mama. Aliposikia sauti ya mchungaji akatoka mwenyewe.

"Mchungaji, nina swali."

"Sema, mama."

"Baba Kulwa aliomba siku ile. Alipiga magoti pale mlangoni, nikimwona. Wewe ulisema anayeomba hafukiwi. Sasa niambie, hakuomba vizuri? Maana watu wananiuliza alikuwa na dhambi gani."

Shemeji yake akajaribu kumtuliza. "Mama Kulwa, mwache mchungaji apumzike."

"Apumzike na nini? Mimi nimepumzika?"

Elikana aliinuka, akaaga. Njiani tukirudi aliniambia, "Mwalimu, nikikiri, watahama wote. Nikinyamaza, yule mama ataishi akiamini Mungu alimkataa mume wake. Nifanye nini?"

Vumilia nikueleze nilichomjibu, kwa maana hapo ndipo ilipo teolojia yote ya mahubiri. Zamani, kabla ya simu, msiba ukitokea kwetu alitumwa mtu kwa baiskeli akawaarifu ndugu wa mbali. Mtu yule hakuwa na ruhusa ya kupamba habari ili akaribishwe vizuri. Alisema alichotumwa, akaketi na wenyeji, akajibu walichouliza, na asichokijua alisema hakijui. Mhubiri ni mjumbe wa namna hiyo. Hata Mungu mwenyewe alipotaka kusema nasi hakuishia kwenye sauti ya kutoka juu. Alikuja akakaa nasi, akachoka, akalia kaburini kwa rafiki yake kabla hajamwita atoke. Kwa hiyo mhubiri anayepanda madhabahuni bila kwanza kuketi na watu anahubiri kinyume cha Mungu anayemtangaza, hata kama maneno yake yote ni sahihi.

Kisha nikamwambia lililo gumu zaidi. Kama anayeomba kwa imani hapatwi na baya, basi Bwana wetu hakuomba vizuri kule bustanini usiku ule, maana kesho yake alisulubiwa. Injili haikuahidi popote kwamba mwenye imani hafukiwi. Inatuambia kwamba Mungu aliingia kaburini na akatoka, na wanaomwamini hatawaacha humo. Ahadi hiyo inatosha msibani. Ile ya Elikana haikufika hata mwisho wa wiki.

Jumapili ikafika. Elikana aliizima mwenyewe spika ya nje, akasimama. Akasema, "Jumapili iliyopita niliwaambia anayeomba hafukiwi. Sikutumwa kusema hivyo. Baba Kulwa aliomba vizuri. Mimi ndiye niliyehubiri vibaya."

Watu wakaanza kunong'ona. Mabenchi ya nyuma yakainuka karibu yote, na mmoja akasema akiwa mlangoni, "Huyu naye leo kaishiwa." Elikana akaendelea. Akawaeleza habari ya bustani na ya msalaba. Akawaambia wachimbaji waombe, kisha wakague matimba kabla ya kushuka, kwa sababu Mungu anayesikia maombi ndiye aliyewapa macho.

Ndipo Mama Kulwa akasema kutoka alipokaa, "Rudia hapo."

"Wapi, mama?"

"Hapo pa Baba Kulwa."

"Baba Kulwa aliomba vizuri."

Akamgeukia jirani yake, kanisa zima likisikia. "Umesikia? Usiniulize tena."

Samweli, nimefundisha watu kuhubiri tangu nikiwa na nywele nyeusi, na hapo nilitaka kupanda juu ya benchi nicheze. Nusu ya kanisa ilikuwa tupu, lakini neno lilikuwa limefika lilikotumwa.

Waombee wagonjwa wako, mdogo wangu. Wapake mafuta, waite wote. Mungu anaponya, nimeona kwa macho yangu. Lakini yule atakayerudi nyumbani na ugonjwa wake utamwambia nini Jumatatu? Atajilaumu yeye, kama Baba Kulwa alivyolaumiwa, na hatakuja kukuuliza. Futa tangazo lile. Watu wakipungua, hubiria waliobaki.

Nisalimie shemeji, na dada yetu mkubwa pale sokoni kwenye dagaa zake. Mwambie kanga aliyoniagiza nimeiona na nitamletea. Msalimie mzee wa kanisa anayefungua milango asubuhi, na watoto wote, hasa yule anayeniita Babu Chaki.

Na leo hii, ukishaikunja barua hii, nenda nyumbani kwa mgonjwa mmoja aliyeacha kuja kanisani, keti, mwulize ni neno gani ulilowahi kusema madhabahuni likamwumiza, na usijitetee.

Kaka yako,
Yohana