Sauti ya Kufukuza Ndege

Jumatatu, 13 Januari 2014

Ndege wamefika. Kwelea! Asubuhi mtama wetu ulikuwa umesimama mwekundu, saa ya chai upande wa mto umebaki mabua tu. Mama mkwe, Mama Teresia, anapiga debe tangu alfajiri, sauti imemkauka. Mimi pia nimepiga kelele mpaka koo linawasha. Cherehani imelala, na nguo za watu zinaningoja.

Na bwana yangu? Gichovi yuko sebuleni na spika zake, hizi za kukodisha kwa harusi na matanga. Hata pa kukalia hakuna. Ati ametengeneza sauti. Mlio wa mwewe, ameuvuta kwa kompyuta ukawa mzito, wa kutetemesha kifua. Rafiki yake Elphas wa Kiirua ndiye alimfundisha. Nikamuuliza, kwani ndege wanaogopa disko? Akasema, Mama Mukami, wewe ngoja tu.

Kungoja! Tangu nitoke Muthara kuolewa hapa Siakago, kazi yangu ni kungoja.

Alhamisi, 16 Januari

Jaribio la kwanza. Spika moja, jenereta, waya mrefu mpaka katikati ya shamba. Akawasha — wakaruka! Karibu nimsamehe. Chai haijapoa, wamerudi. Mmoja akatua juu ya spika yenyewe. Mama Teresia alicheka mpaka akakaa chini. Gichovi hakucheka. Anasema nguvu ilikuwa kidogo, Jumamosi ataunganisha zote. Nikamwambia apige debe kama watu wengine. Basi nimekuwa adui wa maendeleo.

Jirani yetu Munyi alikuja kulalamika: ndege wakifukuzwa huku si watahamia kwake? Gichovi akamwambia asijali, atampelekea sauti huko pia. Wanaume!

Jumamosi, 18 Januari

Murungu, Mungu wangu! Mikono imevimba, kalamu haishikiki. Mama mkwe yuko hospitali. Kesho.

Jumapili, 19 Januari

Sikuenda kanisani. Niandike, pengine nitatulia.

Jana alipanga spika zote kuzunguka mtama, akaambia watu watoke shambani. Tukatoka. Mama Teresia akakataa. Mtama nimelima mimi, akasema, nitafukuzwaje na redio? Akabaki juu ya kichanja chake cha kulindia ndege. Nikamwambia Gichovi, ngoja mama ashuke. Ati ni dakika moja tu, hatadhurika.

Akawasha. Hata siwezi kuiita kelele. Ilikuwa kama ardhi inakohoa ndani kwa ndani. Niliisikia tumboni kabla ya masikioni. Huko nyumbani vikombe vilianguka kutoka kabatini. Ndege wote wakainuka, kama mtu amevuta blanketi jeusi kutoka juu ya shamba! Gichovi katikati ya spika, mikono juu, anaruka kama mtoto. Tulipiga makofi. Hata mimi.

Halafu mgunga wa pale mpakani ukaanza kutoa moshi. Nilidhani ni moto. Ni nyuki. Mizinga ya marehemu baba mkwe, yote inaning'inia pale — na hakuna hata mmoja wetu aliyeikumbuka! Waliingia shambani kama maji ya mafuriko. Watu wakakimbilia mtoni. Mama Teresia akaruka kutoka kichanjani, akaanguka vibaya, hakuinuka. Nikapiga kelele: Gichovi, zima! Zima! Alikuwa amenipa mgongo. Nikamfunika mama na leso yangu, nikaanza kumburuta. Aliyekuja kunisaidia ni Munyi, amejifunika gunia lililoloa. Tukambeba.

Punda wa Munyi walikuwa wamefungwa karibu na mti ule. Angeweza kwenda kuwafungua. Alikuja kwa mama yetu badala yake. Wamekufa na kamba shingoni.

Gichovi alizima baadaye sana. Ameumwa mpaka kwenye kope. Alikuwa amesimama pale pale katikati muda wote, anavuta waya huu na ule. Mwanamume hasikii la mtu!

Jumanne, 21 Januari

Hospitali. Nyonga ya mama imevunjika, macho yamefunga kwa uvimbe. Aliponitambua kwa sauti akauliza, ndege wamekwenda? Nikasema wamekwenda, mama. Sikumwambia walirudi jana.

Na nyumbani Gichovi hanijibu. Namweleza habari ya nyonga, anaangalia ukuta. Namwita kutoka jikoni, kimya. Leo hasira ilinishika nikabwaga sufuria chini kwa makusudi — hata kugeuka hakugeuka. Mama yake analia kitandani na yeye ndiye wa kununa? Kiburi gani hiki?

Chifu alikuja. Amepiga marufuku spika zote. Gichovi akaitikia kwa kichwa, ndiyo, ndiyo. Chifu akamuuliza, ni nani alikuruhusu? Akajibu ndiyo. Niliona haya mimi.

Ijumaa, 24 Januari

Kwetu ndege wamemaliza. Sasa wako kwa Munyi. Amekuja mchana huu na majirani. Nilidhani wameleta maneno ya punda. Kumbe!

"Washa, Gichovi," akasema. "Nyuki wamehama, chifu ameenda Embu. Punda sina. Na mtama pia nikose, nitakula nini?"

Nikamwambia mama bado yuko hospitali, haoni hata aibu?

"Mama Mukami, huyo mama si nilimbeba mimi?"

Nikawapisha njia. 

Munyi alinyoosha mkono kuelekea shamba lake, Gichovi akaelewa. Akatoa spika moja uani, akaweka kwanza wimbo wa harusi, wa kujaribu. Ulilipuka mpaka mbuzi wakakurupuka. Yeye akaongeza sauti. Akakagua waya, akaongeza tena. Munyi akaziba masikio akicheka. Gichovi akapiga magoti, akaweka shavu kwenye spika, halafu kiganja. Akaniangalia. Macho hayo sijawahi kuyaona kwake. Akaniuliza, kwa sauti kubwa kama mtu anayeita ng'ambo ya mto:

"Mama Mukami, mbona hii haitoi sauti?"

Watu wakaangua kicheko. Wanadhani ni mzaha.

Nimeingia ndani, nimejifanya naleta maji. Naandika nimesimama. Wimbo bado unapiga, dirisha linatetemeka. Nikimwambia haitoi, ataleta zingine na ule mlio. Nikimwambia inatoa, atajua ni masikio yake yamekufa. Atajua mbele ya hawa wote.

Amenifuata. Yuko mlangoni. Haniangalii machoni, anaangalia midomo yangu —