Suluhu Iliyogeukia Upande wa Pili

Mjukuu wangu Zuhura,

Marahaba, shikamoo yako imefika. Huku Kongowe sote wazima, na bibi yako ameanza kutembea bila fimbo. Umeuliza kama nami niliogopa kazi nilipoianza.

Niliogopa sana. Nilikuwa karani kijana wa baraza la ardhi Kisarawe, na kompyuta yangu ilikuwa na programu iliyoifanya skrini izunguke kama boksi, kila upande na kazi yake. Siku moja ndugu wawili wa Marui walipatana kuhusu mpaka wa shamba. Nikachapa maneno yao, wakasoma Fatiha. Nikagusa kitufe, boksi likazunguka, maneno yakatoweka. Sikuwa nimeyahifadhi.

"Karani, mbona jasho?" aliuliza mkubwa.

"Asituambie tuanze upya," akasema mdogo. "Nikianza upya nitakumbuka na ile mikorosho!"

Kwa hofu nikapeleka kidole kwenye swichi, nizime na kuwasha tena. Nikakumbuka kuwa boksi lina pande nyingine, huenda maneno yako huko; ningezima, yangepotea kweli. Nikakirudisha, nikaligeuza boksi taratibu mpaka suluhu yao ikatokea.

Hofu haikuniacha siku ile, mama. Nilichelewa tu kuitii.

Tunakuombea kila swala.
Babu yako