Mjane Mmoja na Watoto Sita

Jumamosi, 12 Julai. Satellite, Nairobi.

Baridi ya Julai imekaa juu ya mabati tangu asubuhi na jua halikujitokeza kabisa. Nguo nilizoanika jana bado zina maji. Hata hivyo nina furaha ya ajabu kwa mtu aliyefiwa, na nataka kuiandika ikiwa bado mbichi.

Baba tunamzika Jumamosi ijayo, nyumbani Kakamega. Mama yuko hapa kwangu tangu Baba alipolazwa. Wiki nzima watu wanaingia na kutoka, sufuria ya chai haishuki jikoni, na viti tumeazima kwa majirani.

Mimi nilipewa kazi ya kuandika wasifu wa marehemu. Hakuna hata aliyeuliza nani ataandika. Kanisani kwetu mimi ndiye huandikia watu, kwa sababu nina mpangilio wangu ambao haujabadilika miaka yote: kuzaliwa, masomo, kazi, ndoa, wokovu, ugonjwa, na mwishowe wale aliowaacha. Nikipewa habari za mtu, naziweka mahali pake.

Wa Baba niliumaliza Jumatano. Niliona umetoka vizuri.

Alhamisi jioni Linet, binti yangu, alisimama sebuleni kujizoeza. Anasoma Kifaransa katika chuo kimoja mjini, na mwalimu amempa mada ya kueleza mbele ya darasa: wanawake wa Ufaransa baada ya Vita vya Pili vya Dunia. Aliisema yote kwa Kifaransa, kisha akatufafanulia mimi na Mama kwa Kiswahili. Mama alikuwa anachambua maharagwe.

Mimi nilidhani huko mambo yalinyooka zamani sana. Kumbe walipata haki ya kupiga kura vita vikielekea kwisha tu. Wengi wao walikuwa wamelima mashamba na kulea watoto peke yao huku waume wameshikwa mateka Ujerumani. Waume waliporudi, wao wakaambiwa warudi jikoni. Hata miaka mingi baada ya hapo, mume aliweza kumkataza mkewe kuajiriwa, na benki ilitaka ruhusa ya mume kabla ya kumfungulia mke akaunti. Walidai na kudai, mpaka sheria ikabadilishwa katikati ya miaka ya sitini.

Mama alicheka. "Na sisi tulikuwa tunasema wazungu wameendelea."

Kulikuwa na sehemu kuhusu kutoa mimba, jinsi mamia ya wanawake walivyotangaza gazetini kwamba wao walitoa, na wakati huo lilikuwa kosa la kufungwa. Imani yangu hainiruhusu kukubali kila kitu, na humu daftarini naweza kulisema hilo. Lakini niliwaza sana juu ya ujasiri wa mtu kuweka jina lake mwenyewe mahali ambapo kila mtu atalisoma.

Kisha Linet akatueleza kuhusu kaburi la askari asiyejulikana, pale Paris, aliyezikwa bila jina kwa niaba ya wote waliokufa vitani. Mwaka wa 1970 wanawake wachache walipeleka maua hapo. Hawakumpelekea askari. Walimpelekea mke wake, wakisema yeye ndiye asiyejulikana zaidi. Polisi waliwazuia, lakini kuanzia hapo nchi ikaanza kuwatambua kama vuguvugu.

Mama aliacha maharagwe. "Alikuwa anaitwa nani, huyo mke?"

"Hakuna anayejua, Kukhu," Linet akamjibu bibi yake. "Ndiyo maana walienda."

"Maskini," Mama akasema, akarudi kwa maharagwe yake.

Jana niliketi kuupitia wasifu wa Baba kwa mara ya mwisho. Nikafika chini kabisa: Ameacha mjane mmoja, watoto sita na wajukuu wengi.

Mjane mmoja.

Nilitafuta jina la Mama kutoka juu hadi chini. Halikuwepo. Penye ndoa nilikuwa nimeandika kwamba Baba "alijaliwa mke". Basi. Mimi, niliyetoka tumboni mwake, na yeye ameketi chumba cha pili ananishonea kifungo.

Niliandika pia kwamba Baba alitusomesha sote. Ni kweli alifanya kazi relini hapa Nairobi na hakutusahau. Lakini nani alichuma majani chai kwenye umande ndipo karo ikafika? Nani alikusanya wanawake wa kijiji wakajengea ile chemchemi ambako mpaka leo watu wanateka maji? Nikaacha mpangilio wangu. Nikaandika upya.

Leo kamati ilikutana hapa nyumbani. Baba Mdogo Zakayo, mdogo wake marehemu, ndiye angepeleka programu ya mazishi, yenye wasifu ndani, kwa mchapishaji, jirani na duka lake kule Ngara. Niliusoma wote kwa sauti.

"Mama Linet," Baba Mdogo akasema, "haya majani chai yameingiaje hapa? Mazishi ni ya kaka yangu Elfas. Ya shemeji Rispa tutayasema siku yake ikifika."

Wycliffe, kaka yangu mkubwa, alikuwa ametoka moja kwa moja ofisini Kilimani, tai bado shingoni. "Na programu ni kurasa nane tu, sis. Tuondoe picha gani? Ile yako ya kwaya?"

Watu walicheka. Mimi sikuweza. Nikawaza Baba Mdogo akiondoka na wasifu ule wa kwanza, na Jumamosi Mama akiketi mbele ya kijiji kizima, asiye na jina.

"Ondoeni hiyo ya kwaya," nikasema.

Kwetu mjane huwa hasemi kwenye kikao cha kumpangia mumewe mazishi. Huambiwa baadaye yaliyoamuliwa. Kwa hiyo sote tuligeuka tuliposikia sauti kutoka mlango wa jikoni.

"Zakayo."

"Naam, shemeji."

"Hiyo siku yangu ikifika, mimi nitasikia?"

Baba Mdogo aliweka kikombe chake chini. Kisha akaniambia, kwa upole kabisa, "Soma tena, mama. Tusikie vizuri."

Nilisoma. Nilipofika kwenye ndoa, nikasema, "Alimwoa Rispa Muhonja," Mama akainua mkono. Nilidhani nimekosea kitu.

"Rudia hapo," akasema.

Nikarudia.

Sasa Mama amelala, na karatasi zimeshakwenda Ngara, bila picha ya kwaya. Wale wanawake wa Paris sitawajua kamwe, wala hawatajua walichofanya katika nyumba moja ya Satellite, lakini nawashukuru. Namshukuru Linet na Kifaransa chake. Namshukuru na Mungu kwamba nilikosea wakati Mama angali anasikia.

Jumamosi, nikifika penye jina lake, nitasoma polepole.