Fuko Aliyebaki Hewani

Kaka Marwa,

Shikamoo. Ninaandika hivyo kwa mazoea. Tangu nikiwa mdogo ulikuwa unanidai shikamoo yako hata nikiwa na mswaki mdomoni, na sijui namna nyingine ya kuanza. Juzi tulikuhamisha. Sasa uko ng'ambo ya mto Mara, upande wa Serengeti, kwenye kiwanja kipya cha mama. Nimeona nikueleze mwenyewe, kwa sababu kuna kitu chako nilikuwa nimepanga kukichukua, na wewe ndiye wa kwanza kustahili kujua.

Kitu chenyewe ni gemu yako, ile yenye vioo viwili inayofunguka kama kitabu. Niliiweka ndani ya jeneza siku ya mazishi, chini ya mkono wako wa kushoto, kwenye mfuko wa plastiki niliouzungushia selotepu mpaka ikaisha. Hakuna aliyenituma. Mtu akisikia atasema nilifanya kwa upendo. Haukuwa upendo. Nilijua kwamba siku chache baadaye wazee wa ukoo wangekaa kugawa vitu vyako, kwamba mimi dada yako nisingefikiriwa, na kwamba baba mdogo Chacha angeichukua akaiuze Sirari kwa mtu asiyejua ameshika nini. Ulikuwa uchoyo. Nilikuzika na kitu nilichokitaka mimi.

Unaikumbuka ile ya kwanza? Ya kijivu, nzito kama tofali dogo, aliyotuachia yule dereva wa malori aliyekuwa anakula mgahawani kwa mama pale Nyamongo. Kifuniko cha betri kilikuwa kimepotea, ukazifunga betri kwa mpira uliokata kwenye tyubu ya baiskeli. Kioo chake hakikuwa na taa. Tulikaa mlangoni, wewe umeinamia mchezo, mimi nimeshika kipande cha kioo cha kujitazamia nikikurushia mwanga wa jua. Mkono ukichoka nikaushusha kidogo, ulikuwa unasema, "Ghati, umenizimia." Kaseti ilikuwa moja tu: fuko mwenye kofia anayechimba kwenda chini, anaokota mawe yanayong'aa, anaruka mapengo. Ukawa unaongea kama wachimbaji waliokuwa wanajaa kwenye benchi za mama. Fuko akipata jiwe, unasema duara limetema, kama wao shimo linapotoa dhahabu. Akifa, unasema kifusi. Na mimi ukaniita mtu wa juu, kama yule anayebaki kwenye mdomo wa shimo ameshika kamba, asiyeruhusiwa kuondoka hata akibanwa na haja. Nilibanwa mara nyingi. Sikuondoka.

Baadaye sana, ulipokuwa fundi simu, uliifungua ile kaseti mbele yangu ukanionyesha betri ndogo ya mviringo, kama ya saa. Ukaniambia hiyo ndiyo iliyokuwa inatunza mahali tulipofika, na ilipokufa ndiyo maana kila tulipowasha fuko alianzia mwanzo. Utoto wetu wote tulidhani tumekosea sehemu.

Nilikuwa mwaka wa pili chuoni Dodoma uliponipigia simu kuhusu hii mpya. Rafiki yako mmoja mchimbaji aliinunua Mwanza siku zilipokuwa nzuri, zilipogeuka akakuletea kibandani. Hukuniambia ina rangi gani wala ina michezo mingapi. Ulisema, "Ghati, hii kitu ina nguvu ya kutosha kumbeba fuko."

Sikuelewa. Ukanieleza kwamba kampuni iliyoitengeneza haikubali iendeshe kitu kisicho chake, lakini duniani kuna watu waliokaa nyumbani kwao, hawajuani, hawalipwi, wameandika programu zao wenyewe za kuifungua. Moja ya hizo inaifanya mashine mpya ijifanye ni ile ya kijivu, na kaseti ya zamani iliyonakiliwa kwenye faili inacheza ndani yake kama kawaida. Ulikuwa unaziita programu za kienyeji. Ulisema ni kama kuku, wa kienyeji anachelewa kuiva lakini ndiye mwenye supu.

Maelekezo yalikuwa ya Kiingereza, marefu. Ulikuwa unapiga picha ukurasa mmoja mmoja na kunitumia, nami nikiwa maktaba nakutafsiria hatua kwa hatua. Hatua ya kumi na moja niliiruka kwa sababu niliona inarudia ya kumi. Mashine ikawa nyeusi, haiwaki. Siku nne sikuthubutu kukupigia. Siku ya tano ukanitumia ujumbe mmoja: "Kumbe msomi naye anaruka mstari?" Ulikuwa umenakili kila kitu pembeni kabla ya kuanza, kama ulivyokuwa unafanya na simu za watu, ukairudisha. Jumapili iliyofuata ulinitumia picha bila neno lolote. Kwenye kioo cha juu alikuwa fuko wetu, mdogo, wa kijivu, na safari hii ana taa yake.

Programu ile ilikuwa na jambo ambalo mashine ya zamani haikuwa nalo. Unaweza kuugandisha mchezo popote, hata fuko akiwa katikati ya kuruka, ukazima, ukarudi baada ya wiki ukamkuta hewani vile vile. Likizo nilipokuja nilikuwa nagandisha kila dakika, nikianguka narudi nyuma. Wewe ulikataa kabisa. Ulisema huo ni wizi, kwamba hakuna shimo linalokungojea ufikirie.

Ulikubali mara moja tu. Kazi ya simu ilikuwa imepoa na ulikuwa umeanza kuingia duarani na wenzako. Asubuhi ile walipopita kukuita, ulinitumia picha ya fuko akiwa hewani juu ya pengo la mwisho kabla ya mlango, lile ambalo hatukuwahi kulivuka tangu tukiwa watoto. Chini yake uliandika: "Wameniita. Nimemgandisha. Ukija likizo wewe ndiye utamshusha." Niliisoma nikiwa kwenye foleni ya chai. Kabla ya saa sita mchana ukuta wa duara ukaachia.

Walitumia siku mbili kukutoa. Nilipofika nyumbani Nyangoto na bodaboda kutoka Tarime ulikuwa tayari umeoshwa. Niliwakuta wanawake wanalia, mama hana sauti, na mimi nikatafuta kilio changu kama mtu anavyopapasa mfukoni na kukuta hakuna kitu. Nilisaidia kupanga viti. Niliosha sufuria. Shangazi Robhi alinitazama siku nzima, kisha akasema mbele ya wenzake, bila kupunguza sauti, "Huyu shule imemkausha macho." Nilifikiri anasema kweli.

Imekuwa hivyo miezi kumi. Nimefanya mitihani, nimefaulu. Ninakula. Mtu akitaja jina lako ninaangalia mdomo wake unavyotembea. Na polepole nikaanza kuamini jambo ambalo siwezi kumwambia mtu mwenye akili zake: kwamba nikimshusha yule fuko, nitalia. Kwamba kilichoganda kwangu kimeganda pamoja naye, na kitufe cha kukiachia ni kimoja. Faili lake lilikuwa kwenye kadi ya memori, kadi ilikuwa kwenye gemu, na gemu nilikuwa nimeizika mimi kwa mkono wangu.

Kisha mgodi ukataka kupanuka, wathamini wa ardhi wakaja kijijini. Unajua inavyokuwa. Jirani yetu alisimamisha nyumba tatu kwa wiki moja, hazina milango, akapanda miche kila penye nafasi ya unyayo. Tegesha kama ile ya zamani, ya kujenga na kupanda ili ulipwe fidia, ila safari hii wapo waliotegesha hata makaburi, wakavimbisha udongo na kuchomeka msalaba. Kwa hiyo kijana wa uthamini alipofika kwako alisimama na daftari lake, akamwamkia mama, akauliza kwa adabu, "Samahani mama, hili lina mtu?"

Mama akamwambia, "Lina mwanangu."

Kijana akaandika, akapaka alama nyekundu kwenye msalaba. Nilipaswa kukasirika. Badala yake nilisimama pembeni ya mama nafikiria kwamba kaburi litafunguliwa.

Nilijiandaa, kaka. Nilipata gemu kama yako, imetumika, kutoka Mwanza. Nikayafuata maelekezo yale yale kuingiza mchezo wa fuko, na hatua ya kumi na moja niliisoma mara tatu. Nikajifunza kwamba faili lililogandishwa linafunguka tu kwenye toleo lile lile la programu lililoligandisha, nikatafuta toleo lako la zamani mpaka nikalipata. Nikasoma jinsi kadi ya memori inavyoweza kukaa kwenye unyevu. Kwenye plastiki ile, ilikuwa na nafasi nzuri ya kuwa hai. Juzi nilikuja kaburini kwako na mkoba begani, gemu imejaa chaji, na bisibisi ndogo.

Alikuwepo bwana afya na barakoa yake, katekista, na wenzako wanne wa duarani. Mwita, yule aliyekutoa kwenye kifusi, alisema hawezi kumwachia mtu mwingine kazi hiyo. Jeneza lilikuwa limepasuka, ikabidi wakuhamishie kwenye sanduku jipya. Baba mdogo alikuwa juu anawaelekeza vijana, "Mura, taratibu. Taratibu, mura," ingawa hakuna aliyekuwa na haraka. Kisha Mwita akasema kuna kitu kimefungwa hapa.

Baba mdogo akauliza ni kitu gani. Aliyejibu ni shangazi Robhi. "Ni cha Ghati," alisema. "Alikiweka siku ile. Nilimwona."

Miezi kumi alikuwa anajua, na hakumwambia mtu.

Baba mdogo akasema basi kitoeni, mwenyewe si yupo. Mwita akaingiza mkono wenye glavu, akasimama. Akainua uso kunitafuta mimi.

"Mkono wake umekilalia," alisema. "Nikivuta, hakiji peke yake. Nivute?"

Kila mtu alikuwa ananitazama. Nilihesabu ndani yangu kilichobaki: kuvuta, kufuta udongo, kutoa kadi, kuiingiza kwenye gemu iliyokuwa mkobani, kubonyeza. Ilikuwa kazi ya robo saa. Sikuwa nimewahi kutaka kitu hivyo tangu ufe, na hata hamu yenyewe nilikuwa nimeikosa. Mwita alikuwa amekushika kwa kiganja chote, kama mtu anayemshika mgonjwa aliyelala, na niliona kwamba nikisema ndiyo atavuta, halafu ataishi na jambo hilo kwa ajili yangu.

"Acha," nilisema. "Ni chake."

Baba mdogo akalalamika kwamba vitu vya umeme havizikwi pamoja na mtu. Shangazi akamwambia, "Wewe mwenyewe tutakuzika na hiyo redio yako, maana huko nako hutanyamaza." Wakacheka, kaka, pale pale juu yako. Hata bwana afya mabega yalimtikisika. Nadhani ungecheka.

Nilingoja nijisikie kwamba nimefanya jambo jema. Sikujisikia kitu. Tulivuka daraja nyuma ya gari lililokubeba, katekista akasoma, tukakufunika, tukanawa mikono. Fuko atabaki pale ulipomwacha, na mimi sitamfuata tena.

Mchana, baada ya watu kula, shangazi alikuja kukaa karibu yangu barazani kwa mama. Aliona gemu kwenye mkoba. Akauliza kama ndiyo hiyo, nikamwambia hapana, hii nyingine. Akasema niwashe. Nilimwonyesha wapi pa kubonyeza, akaishika kwa vidole viwili kama anashika kifaranga. Akauliza huyu panya anataka nini. Nikamwambia ni fuko. Akasema maisha yake yote hajaona fuko anayeruka, kisha akaanguka kwenye pengo la kwanza kabisa. Akaanguka tena. Mara ya saba akasonya.

"Marwa naye alikuwa anafia hapa?" aliuliza.

"Hapo hapo," nilisema. "Alikuwa anaruka mapema. Alikuwa hana subira."

Nilisikia sauti yangu. Tangu ufe sikuwa nimetamka sentensi nzima juu yako. Shangazi hakunigeukia, aliendelea kubonyeza vibaya. "Sasa alikuwa anafanyaje akifa?" akauliza. Nikamweleza ulivyokuwa unasema kifusi. Nikamweleza mpira wa baiskeli, dereva, na mimi nilivyokuwa nabanwa na haja. Nilisimulia mpaka chaji ikaisha, na hakuna kati yetu aliyesimama kutafuta umeme. Sikulia. Ila niliweza kukutaja, na leo nakuandikia.

Jambo la mwisho, kisha nikuache. Kabla Mwita hajaondoka alichota udongo wa kiwanja hiki kipya kwenye sahani ya bati, akaumwagia maji, akauzungusha polepole kuelekea jua kama mnavyofanya, akautazama muda mrefu. Mama alikuwa amesimama mlangoni anamngoja aseme. Akasema hauna kitu. Hakuna hata chembe ya dhahabu, hakuna atakayekuja kuchimba hapa. Mama akasema ahsante, mwanangu, akaingia ndani kulala, na amelala vizuri.

Nawe lala, kaka.

Mdogo wako,
Ghati