Rambirambi za Mwanaume Aliye Hai

Jumatatu, 1 Julai

Sabasaba tena. Habari mbili zimefika dawatini kabla ya saa nane: mashine za kukamua alizeti, na ugomvi wa mama lishe na walinzi wa geti. Saa tisa nikaingia banda la kampuni inayotukatia bima ofisini. Si kwa kazi. Kijana wa zamu alinivisha kofia yao kabla sijafungua mdomo. Nikamuuliza: mwanaume akifunga uzazi, bima inalipa? Akadhani naandika habari. Nikamwambia ni mimi. Akabofya kishikwambi chake muda mrefu.

"Mzee, kufunga uzazi kupo. Ila kuko kwenye fungu la uzazi, na hilo fungu ni la mama. Nikiweka jina lako mfumo unakataa."

Nimerudi na kofia.

Sababu niiandike hapa mara moja, nisije nikaizoea. Mwaka jana Mwajuma alimzaa Shabani, mtoto wetu wa nne, kwa kifafa cha mimba. Nilimwona mke wangu akitikisika kitandani, macho yamegeuka. Siku tatu hakunijua. Presha haijatulia mpaka leo. Daktari hakupamba: mimba nyingine inaweza kumuua. Vidonge na sindano amekatazwa kwa sababu ya presha. Kitanzi kilimtoa damu mpaka kikaondolewa. Tumebaki na mto. Upo katikati ya kitanda tangu Shabani azaliwe. Mwajuma analala upande wa ukutani.

Jumatano, 3 Julai

Ofisi ya bima, mjini. Dada wa madai ni mpole na anajua kazi yake. Majibu nayaandika kama nilivyopewa. Mimba ya tano: inalipwa. Upasuaji: unalipwa. Damu, dawa, kitanda cha mahututi: vyote. Mama kufungwa mirija: inalipwa, ila daktari wa Mwajuma hataki kumfungua tumbo mpaka presha ishuke, na haishuki. Baba kufungwa: hapana.

"Kaka, si mimi. Ni jedwali la mafao."

Najua si yeye. Lakini maana yake ni kwamba watalipia kila hatua ya kumpeleka Mwajuma kaburini, na hawatalipia ile moja ya kumzuia asifike. Nimeisoma sentensi hiyo mara mbili. Ni kali. Ni sahihi. Inabaki.

Hospitali binafsi niliyoipigia simu wanataka laki saba, taslimu. Sina.

Jumanne, 9 Julai

Kituo cha afya cha serikali, hapa hapa Mbagala. Uzazi wa mpango unafanyika kwenye kliniki ya mama na mtoto. Benchi zima wanawake. Nilikaa mwisho. Mama mmoja mwenye mapacha akanitazama.

"Baba, umemleta nani?"

Nikasema nimejileta. Kisha yule mama akawageukia wenzake: "Haya, msogezeeni mwenzetu akae vizuri." Wakasogea. Wote. Mwanamke wa mwisho akanipa mtoto nimshikie wakati anaingia kupimwa.

Nesi anaitwa Sista Anna. Hakushangaa. Huduma ni bure. Niko kwenye uandishi wa habari tangu ujana, na sikujua kwamba kitu nilichokuwa nakitafutia bima mjini kinatolewa bure vituo viwili vya daladala kutoka nyumbani kwangu. Timu ya upasuaji itakuja tarehe 1 Agosti. Anamtaka Mwajuma naye aje, asikie kwa masikio yake.

Kitu kimoja hakipo hapo. Baada ya upasuaji mtu hawi salama siku hiyo. Kuna miezi mitatu ya kujihadhari, halafu kipimo cha mbegu. Kipimo kinafanyika maabara binafsi, kwa pesa ya mfukoni. Nimewapigia bima. Wamekiweka pamoja na ugumba, na ugumba hawalipii.

Ijumaa, 12 Julai

Baada ya swala nilimfuata ustadhi. Nilijiandaa kwa mawaidha marefu. Akauliza jambo moja tu: daktari amesemaje? Nikamwambia. Akasema uhai wa mama kwanza. Akaniombea dua pale pale mlangoni, viatu vyangu vikiwa mkononi.

Alhamisi, 25 Julai

Kosa, na ni la mwanafunzi. Nimetunza siri za mawaziri na za wezi. Leo yangu nimempa Maganga.

Maganga anauza mchele sokoni. Ni Mnyamwezi, mimi Mzaramo, kwa hiyo ni mtani wangu. Anachukua samaki kwenye sahani yangu bila kuomba, nami namwita mtumwa wangu mbele ya wateja wake. Hakuna anayekasirika. Nilimfuata kwa sababu Sista Anna amesema wiki nzima nisinyanyue kitu kizito, na mabomba yetu hayatoi maji. Anahitajika mtu wa kubeba madumu. Akauliza kwa nini. Nikamwambia.

Aliweka kibaba chini. Akashika kichwa.

"Yaani Mzaramo anakufa, na mtani sijaambiwa?"

Mpaka jioni soko lote linajua. Muuza mkaa ananiita maksai. Fundi baiskeli ameuliza kama sauti yangu itabadilika. Nimejibu kila mmoja kwa utulivu. Ndani nimeumia. Mwajuma amesikia kisimani, akarudi na dumu nusu. Akasema kama nataka kuacha niache, hatanilaumu. Sijaacha.

Alhamisi, 1 Agosti

Imefanyika.

Daktari ni mwanamke mfupi, anaimba chini chini akifanya kazi. Sindano ya ganzi ndiyo iliyouma. Baada ya hapo ilikuwa kama mtu anavuta uzi wa nguo niliyoivaa. Nikaomba nione. Sista Anna akaniinua kichwa kwa mkono mmoja.

Kwenye ncha ya koleo kulikuwa na kamba nyeupe, nyembamba, kama tambi iliyoiva.

"Ndiyo hii, baba. Nyingine kama hii upande wa pili. Basi."

Nusu ya Zuhura, mtoto wetu wa kwanza, ilipita hapo. Nusu ya Idi, nusu ya Salma, nusu ya Shabani. Kicheko cha Salma. Ukaidi wa Idi. Vyote vimepita kwenye kitu ambacho ningekiona sakafuni ningekifagia. Nimesimama kwenye mafuriko na ajali za barabarani na mkono wangu ukaandika vizuri. Leo nimejaribu kupata sentensi ya pili juu ya ile kamba. Haikuja.

Nikavaa suruali, nikatembea mwenyewe mpaka mlangoni. Mwajuma alikuwa ananisubiri nje, amekaa kwenye lile benchi. Alinishika kiwiko, kama mimi nilivyomshika mwaka jana.

Jumamosi, 3 Agosti

Lazima niandike leo, kesho sitaamini.

Saa nne asubuhi nimelala sebuleni na barafu kwenye kitambaa. Nikasikia kilio nje. Kilio cha msiba hasa. Nikachungulia. Maganga amejifunga kanga ya mkewe kiunoni, amejitupa kifudifudi mlangoni kwangu. Nyuma yake watu, hata wale wa maksai. Mtu ametandika jamvi. Mtu ameleta birika la kahawa.

Kwenye misiba yetu mtani ana ruhusa ambayo ndugu hana. Anamwigiza marehemu, analala njiani mwili usipite mpaka alipwe. Sijawahi kuona akifanyiwa hivyo mtu aliye hai.

"Wazaramo, poleni!" Maganga analia. "Kimewatoka! Marehemu alikuwa mchapakazi. Hakuugua, hakukopa. Kaacha watoto wanne na mjane mmoja!"

"Alikuwa na tabia gani?" mtu akapaza sauti.

"Mpole! Ila ukimwamsha usiku, mbishi!"

Mama mwenye nyumba ya jirani, mtu wa swala tano, alikalia jamvi akafunika uso na mtandio. Mabega yalikuwa yanaruka. Maganga akainuka, akaona ile kofia ya bima msumarini, akaivuta.

"Bima walikataa kumtibu. Angalau kofia yao ifanye kazi. Rambirambi!"

Kofia ikazunguka. Watu wakatia. Muuza mkaa akatia noti, akaniangalia, akatazama chini.

Halafu nikasikia sauti ambayo sikuitambua mara moja. Mwajuma. Ameshika fremu ya mlango, anacheka mpaka machozi. Sikuwa nimeisikia sauti hiyo tangu kabla ya Shabani. Nilikuwa nimesahau kwamba inaanzia chini na kupanda ghafla. Nilikaa na barafu yangu nikasikiliza. Aibu yote ya wiki ile iliondoka bila kuaga.

Zilizomo kwenye kofia zinatosha kipimo, na nauli ya kwenda na kurudi. Maganga alikataa hata chai. Alibeba madumu manne akaondoka, bado amevaa kanga.

Jumanne, 6 Agosti

Muuza mkaa amekuja na gunia ambalo sikuagiza. Akazungukazunguka. Mwishowe akauliza: inauma? Nikamwambia ukweli. Akauliza siku ya timu nyingine. Nikamwelekeza kwa Sista Anna. Ni wa tatu tangu msiba.

Jumamosi, 14 Septemba

Maganga hakuridhika na matanga. Leo kaja na mchele na mbuzi nusu: arobaini. Pilau, watoto wa mtaa mzima, utani mpaka magharibi. Kila mtu alizungumzia jambo langu kama kitu kilichopita. Marehemu hivi, marehemu vile. Mimi pia.

Jumapili, 15 Septemba

Nimeamka mto uko sakafuni.

Tumeoga, tumekunywa chai, Mwajuma anaimba jikoni. Katikati ya chai nikahesabu miezi. Ni mmoja na nusu. Sista Anna alisema mitatu. Alisema mbele yetu sote wawili, na mimi niliandika.

Tumezika kitu kabla hakijafa. Mtaa mzima ulikifukia, tukaamini.

Nikamwambia. Kuimba kukakoma. Mto umerudi.

Jumanne, 1 Oktoba

Mwajuma amechelewa kuona siku zake. Hajasema, najua mimi. Asubuhi alitapika. Kichwa kinamuuma, miguu imevimba kidogo. Anafua nguo ambazo si chafu.

Nilikuwa na mkutano wa waandishi Temeke. Nikakaa mstari wa mbele na sikusikia hata neno. Nilikuwa naona kitanda cha mwaka jana kinatikisika.

Naogopa. Sina neno jingine na silitafuti.

Ijumaa, 4 Oktoba

Hospitali. Kadi ya bima ilipita kila dirisha bila swali: kumuona daktari, damu, mkojo. Dada wa mapokezi akatabasamu, "Hongera, mama, tuangalie kama ni kweli." Mwajuma akamtazama kama mtu anayetukanwa kwa upole.

Tulikaa kwenye korido. Akaniambia mahali nguo za watoto zilipo. Sanduku la chini, za Salma. La juu, za Shabani. Sare ya Zuhura inahitaji kushushwa pindo. Nilitaka kumkataza, nikashindwa. Nikasikiliza hadi mwisho.

Hakuna mimba. Malaria, na presha iliyopanda kwa hofu. Daktari kaandika dawa, akatuuliza kwa nini sote wawili tunalia.

Nje ya geti Mwajuma akasimama. "Baba Zuhura, nakuomba. Mpaka uone kipimo kwa macho yako. Siyo kuambiwa. Uone."

Nimekubali.

Jumatatu, 4 Novemba

Maabara, mtaa wa pili kutoka kituo cha mabasi. Nimelipa kwa noti za kofia, zilezile, moja ina alama ya vidole vya mkaa. Kijana wa maabara alinipa kichupa na chumba chenye kalenda ya mwaka juzi. Alipopokea akauliza, "Mnatafuta mtoto, mzee?" Nikasema hapana, natafuta pasiwe na kitu. Akafikiri. Kisha akacheka.

Nilimwomba nione. Akasema si utaratibu. Nikamweleza ahadi niliyompa mke wangu. Alipomaliza kazi yake akanisogezea kiti mbele ya darubini.

Kwanza alinionyesha kioo cha mbegu za mtu mwingine, bila jina. Sikutegemea. Walikuwa wengi kuliko watu wa Kariakoo siku ya sikukuu, kila mmoja anakimbia, hakuna anayejua aendako, hakuna anayesimama. Mimi, Zuhura, Maganga, yule dada wa madai: sote tulikuwa mmoja katika umati kama ule.

Akabadilisha kioo. "Hiki chako."

Mwanga. Mduara mweupe wa mwanga, chembe mbili tatu za vumbi zimetulia. Akasogeza kushoto, kulia, juu. Mwanga tu. Nilitazama muda mrefu kuliko adabu inavyoruhusu. Sijawahi kuona mahali patupu paliponijaza namna ile.

"Hakuna hata mmoja, mzee," akasema taratibu, kama mtu aliye msikitini.

Jumanne, 5 Novemba

Jana nilikesha dawatini. Nimefika nyumbani leo asubuhi, jua limeshapanda. Jana kwa simu nilimwambia neno moja tu: nimeona.

Mwajuma yuko uani, amekaa kwenye kigoda anachambua mchele wa Maganga. Shabani anakula udongo, ananyang'anywa, anarudia. Nguo zimeanikwa. Mwisho wa kamba, kati ya sare ya Zuhura na kanga mbili, kuna mto. Umefuliwa pamoja na foronya. Unachuruzika maji.

Alinikaribisha chai. Nikakaa karibu naye, nikamsaidia kutoa mawe.