Kioo cha Jiko Kimepasuka, Mama Mkwe Anafunga Mizigo

Bibi Mukeshimana niko hapa. Mmenitupa, nyie! Mwezi mzima hakuna aliyebisha hodi na barua, mlidhani nimekufa? Hii imeletwa Jumatatu. Nimesomewa mara mbili.

*Mpendwa Bibi, nisaidie, kichwa changu hakielewi tena, sisi tuna jiko la umeme lenye kioo juu, na mama mkwe alipokuja kuishi nasi akawa anapaka majivu chini ya sufuria kama alivyozoea kwenye kuni, anasonga ugali wa muhogo pale juu mpaka jiko linalia, nami nanyamaza kwa heshima, halafu wiki iliyopita mimi mwenyewe nikaangusha chupa ya chumvi juu ya kioo, nikasikia "ta!", nikaona ufa mwembamba kama unywele, sikumwambia mtu, na jioni mama akasonga ugali pale pale, ufa ukakimbia mpaka pembeni, mume wangu akasema, "Mama, umetuvunjia jiko," nami nikatazama sahani yangu. Sasa mama hagusi jikoni, anakula mkate na chai, anasema Jumamosi anarudi Gitega, na chumba chake cha Gitega kina mpangaji mwingine! Je, aliyevunja ni mimi au ni yeye? Na upande mmoja bado unawaka, napikia hapo, ni vibaya?*

*Mke mwenye aibu, Kimihurura*

Mwana wanjye, mwanangu, kwanza zima hilo jiko. Kitufe hakitoshi, shusha swichi yake kubwa ya ukutani. Uji ukimwagika kwenye ufa unafika kwenye nyaya, na umeme hauulizi nani mkwe mzuri. Fundi abadilishe kioo, habari za gundi sitaki kuzisikia. Kwa sasa pikeni kwa makaa, nje.

Hiyo hesabu ya nani alianza ufa na nani aliumaliza imenizungusha hata mimi, nimeiacha. Najua kitu kimoja tu. Mama hakujua kuna ufa. Wewe ulijua, ukamwachia mwiko, kisha ukamwachia na lawama! Uliogopa, naelewa, hata mimi niliwahi kuwa mkwe. Lakini leo, usingoje Ijumaa, waite wote wawili useme: "Niliangusha chupa, nikaona ufa, nikanyamaza." Ukimaliza hapo, funga mdomo. Na mumeo amwombe mama yake radhi, kwa sauti ile ile aliyomlaumu nayo.

Kioo kipya kikija, mwonyeshe mama kwa mikono, bila mahubiri. Sufuria iwe bapa chini, ifutwe ikauke, majivu hapana, mchanga hapana. Ukitaka kuihamisha, inua, usiburute. Maji ya ugali yakichemka, sufuria ishuke sakafuni juu ya gunia lililokunjwa, asonge huko mpaka achoke. Na wekundu wa jiko ukizimika, kioo bado kinachoma, usikifute kwa kitambaa cha maji baridi. Mimi kwa mjukuu wangu niliegemea kiwiko nikidhani ni meza. Ngozi ilibaki pale.

Karatasi usinitumie tena. Jumapili nataka kukuona hapa na mama mkwe wako, na yeye ndiye aingie kwanza.