Macho ya Kwa Margwe

Tlawi,
Mbulu, Manyara.
14 Septemba 2025

Mpendwa Shangazi Mectilda,

Shikamoo. Nadhani barua hii itakukuta umekaa kwenye cherehani, kwa sababu sijui ni saa ngapi huwa hupo hapo. Habari za Mpanda na joto lenu? Mgongo wa Baba Joakimu unaendeleaje? Na kaka Joakimu, bado anasema atakuja kulima huku, au baridi ya mwezi wa saba ilimtosha?

Sisi tupo. Mama ni mzima, ila miguu inamuuma jioni kwa sababu maji sasa tunayafuata mbali, kule bondeni. Upepo umekausha kila kitu. Ng'ombe wamebaki mbavu, na vumbi linaingia mpaka kwenye unga. Mimi nimekuja nyumbani kwa mapumziko mafupi ya shule. Nilidhani nitapumzika kweli, lakini nimechoka kuliko nilivyokuwa bwenini.

Utashangaa kupata barua wakati simu ipo. Usinikasirikie, shangazi. Tumekupigia mara mbili, na kila tukifika kwenye habari za macho unasema mtandao unakatakata, halafu kweli unakatika. Kwa hiyo nimeona niandike, ili usome hata ukiwa umekasirika.

Mama alikuambia kwamba baba anaumwa macho, lakini hakusema yote, kwa sababu baba mwenyewe alikuwa amekaa karibu anasikiliza. Mambo yalianza hivi. Mwezi wa tano baba alikwenda Mbulu mjini kutafuta dawa ya ng'ombe. Alipokuwa anavuka barabara, bodaboda ikatokea upande wake wa kushoto ikamgonga mguuni. Namshukuru Mungu kwamba haikuwa na kasi. Baba akasema, "Wewe, umetokea wapi?" Yule kijana akamjibu, "Nimetokea barabarani, mzee! Na honi nimepiga. Hiyo miwani umevaa ya harusi?" Watu wote waliokuwa pale wakacheka.

Aliporudi nyumbani alitusimulia huku naye anacheka, na sisi tukacheka. Mama akasema, "Ndiyo macho ya kwa Margwe hayo." Unajua tumezoea kusema hivyo. Baba alipomsalimia punda wa mzee Yohanes akidhani ni mzee Yohanes mwenyewe, tulisema macho ya kwa Margwe. Mimi niliposhindwa kusoma ubaoni darasa la nne, tulisema hivyohivyo. Wewe ulipokuja Krismasi ukajigonga bega mlangoni, kesho yake tena bega lilelile, nani aliyecheka zaidi kama si wewe?

Lakini mama alianza kuangalia. Aliona kwamba bakuli la mboga likiwekwa kushoto, baba analitafuta kwa mkono. Aliona anapiga teke ndoo iliyo wazi kabisa. Mwezi wa sita shule ilipofungwa, tukampeleka baba hospitali, kwenye kliniki ya macho. Alikuwa hataki. Alisema yeye macho yake ni hayohayo tangu utotoni, hayaoni mbali, basi, na miwani anayo.

Daktari ni kijana kutoka Kilimanjaro, anaitwa Godlisten, anaongea taratibu kama mtu anayeogopa kumwamsha mtoto. Alimpa baba ubao wa herufi. Kwa jicho la kulia, akiwa na miwani yake, baba alisoma vizuri mpaka mistari ya chini, akanigeukia kama vile ameshinda. Kisha daktari akaziba hilo jicho la kulia na kumwuliza anaona nini. Baba akageuza kichwa huku na huku. Halafu akasema, "Ukungu wa Mbulu." Hatukucheka.

Shangazi, ni glakoma, ule ugonjwa ambao watu wanauita presha ya macho. Jicho la kushoto limekwisha, na kilichopotea hakirudi, hata kwa upasuaji. La kulia limepungua pembeni, katikati bado pazuri. Ugonjwa huu hauumi. Unakula pembeni kwanza, polepole, na mtu anaendelea kusoma, kushona na kutambua watu, kwa hiyo hajui.

Mimi niliuliza kama ni bahati mbaya tu au inahusiana na kutoona mbali. Nilikuwa na sababu yangu ya kuuliza. Daktari alichora jicho kwenye karatasi. Alisema jicho la mtu asiyeona mbali huwa ni refu kuliko kawaida, kutoka mbele kwenda nyuma. Kule nyuma linavutika, na mshipa unaopeleka picha kwenye ubongo unatoka mahali palipovutika, kwa hiyo unaumia kirahisi zaidi. Kadiri namba ya miwani inavyokuwa kubwa, ndivyo hatari inavyozidi. Miwani inasaidia kuona, lakini hailipunguzi jicho urefu. Alisisitiza kwamba wengi wasioona mbali hawapati glakoma maisha yao yote. Ila mtu akiwa na macho hayo, na ndugu wa damu anao ugonjwa, asikae bila kupimwa.

Baba hakukubali upesi. Alimwambia, "Daktari, mimi nachagua maharage ya mbegu. Namwona mdudu kabla wenzangu hawajaona tundu." Daktari akamjibu, "Ni kweli, mzee. Macho yasiyoona mbali yanaona karibu hata uzeeni. Ndiyo maana hukushtuka."

Hapo ndipo nilipokukumbuka wewe. Na tulipokupigia mara ya mwisho uliniambia, "Wee Eufrasia, shangazi yako ana miaka hamsini na mbili na anatia uzi kwenye sindano bila miwani! Hebu muulize mama yako kama anaweza." Mama alisikia, akasema, "Kweli siwezi, wifi, umenishinda." Mimi nikacheka tu. Sasa nakujibu kwa heshima yote. Unatia uzi bila miwani kwa sababu macho yako ni kama ya baba. Sindano iko katikati ya unachokiona, na huu ugonjwa hauanzii hapo.

Na bibi je? Daktari alipouliza kama kuna mtu kwetu aliyepofuka, baba alisema hapana, mama yake alikuwa mzee tu. Njiani akahesabu miaka mwenyewe, akasimama. Bibi alianza kushikwa mkono kabla hajafikisha miaka sitini. Wewe ndiye uliyekuwa unamshika, baba amesema. Nyote mliita uzee kwa sababu hakukuwa na mtu wa kuwaambia vingine.

Sasa baba anatiwa dawa ya matone kila jioni. Nikiwepo ni kazi yangu, nikiwa shule ni ya mama. Sikufichi, inachosha. Anafumba jicho, tone linamwagika shavuni, tunaanza upya. Juzi alisema, "Dawa gani hii, miezi yote hii sioni tofauti?" Mama, ambaye alikuwa ametoka kubeba maji, akamjibu, "Haikuja kukuongezea, imekuja kukulindia. Fumbua jicho, Nicodemo, nimechoka." Alifumbua. Lakini kila siku ni lazima aombwe, na mama anaomba huku anasinzia.

Na sababu yangu ya kuuliza ni hii. Namba ya miwani yangu ni kubwa kuliko ya baba. Siku ileile daktari alinipima na mimi. Presha ya macho ni ya kawaida, lakini amesema hiyo peke yake haitoshi kumtuliza, kwa sababu wapo wanaopata glakoma presha ikiwa ya kawaida. Alitazama mshipa kwa muda mrefu. Anasema kwa macho marefu kama yangu ni vigumu kujua kama ndivyo nilivyoumbwa au ni mwanzo wa kitu. Hajanipa dawa. Nirudi mwezi wa kumi na mbili alinganishe, na itakuwa hivyo mwaka hadi mwaka.

Bwenini huwa naziba jicho moja na kuangalia kama bado naona pembe za dirisha. Wenzangu wananiuliza, "Eufrasia, unamkonyeza nani?" Nawaambia nafanya mazoezi. Bado nataka kusoma sayansi, shangazi, na daktari amesema hakuna cha kunizuia.

Naomba ukapime macho. Hospitali ya hapo kwenu wakikosa vifaa, watakuelekeza pa kwenda. Usiombe miwani tu. Waambie kwamba huoni mbali tangu utotoni, kwamba mama yako alipofuka, na kwamba kaka yako ana glakoma. Waambie waangalie na mshipa kule nyuma. Wala usinunue matone dukani kwa kubahatisha, kuna mengine yanapandisha presha. Kaka Joakimu naye apimwe.

Mama anakusalimu sana. Mzee Yohanes pia, na anasema punda wake ni mzima. Mpe shikamoo yangu Baba Joakimu. Baba hakujua nilichoandika mpaka jana, nilipomsomea yote. Kisha akasema, "Mwambie Mectilda kwamba mimi nilichelewa." Akainua uso mwenyewe nimtie dawa, bila kuombwa.

Mwezi wa kumi na mbili daktari ataniuliza kama kuna mwingine wa ukoo wetu aliyekwishapimwa. Mpaka sasa mimi na baba tu ndio tumepimwa. Ningependa sana nimjibu kwamba yupo shangazi yangu, fundi wa Mpanda, aliyekwenda mwenyewe kwa miguu yake akiwa bado anaona vizuri.

Mungu akulinde wewe na nyumba yako yote, na akupe moyo wa kwenda.

Mimi binti wa kaka yako, nikupendaye sana,

Eufrasia Nicodemo Margwe